Yai la Pili la Fungu Mbaraka

Kila baharia aliyepanda chombo cha mjomba wangu aliijua hesabu hii kabla hajaliona Fungu Mbaraka: membe hutaga mayai mawili, hulea kinda mmoja, basi moja lake na moja letu. Hatukuiona kuwa ni dhuluma. Wazee waliipokea kwa waliowatangulia, tena ilikuwa na ushahidi wa macho, kwani hakuna mtu kijijini kwetu Kizimkazi aliyewahi kuona makinda wawili wa membe wakikua pamoja katika kiota kimoja mpaka wakaruka. Mwaka 1974 nilikuwa kijana wa miaka 19, na kwa kazi niliyopewa nilikaa karibu na ndege wale kuliko mtu mwingine yeyote chomboni. Niliyoyaona ndiyo yaliyomfanya mjomba aiache hesabu hiyo. Bado naisikia midomoni mwa vijana wanaokwenda huko kwa mashine, na kwa ajili yao nayaandika haya nikiwa nimeshapita miaka 70.

Fungu Mbaraka liko kusini-mashariki ya Unguja, zaidi ya kilomita 60 kutoka Kizimkazi, peke yake katikati ya maji ya kina kirefu. Ramani za Wazungu zinaliita Latham. Urefu wake ni kama mita 300, upana kama nusu ya hapo, na pale palipoinuka sana hapazidi sana mita 3. Hakuna mti. Hakuna maji matamu. Chini ni mwamba wa matumbawe uliofunikwa na mchanga na mbolea ya ndege ya vizazi na vizazi, na upepo ukikuelekea, harufu yake inakufikia kabla ya kisiwa chenyewe.

Kufika hapo kwa tanga kulitaka nahodha anayewajua ndege. Kisiwa ni kifupi mno, hukioni mpaka umeshakikaribia, na ukikipita usiku basi umeshakipoteza. Mjomba alinifundisha nikiwa nimeshika kamba ya tanga. Membe hutoka kisiwani alfajiri kwenda kutafuta riziki, na jioni hurudi, mmoja nyuma ya mwingine, chini karibu na mawimbi. "Ukiwaona jioni, wafuate," alisema. "Ukiwaona alfajiri, nenda walikotoka." Hiyo ndiyo iliyokuwa dira yetu ya mwisho baada ya nyota kuzama, na sikumbuki hata mara moja iliyotudanganya.

Tulikwenda dago wakati wa demani, kusi inapokuwa imelegea na kaskazi haijaingia. Mabaharia walitega jarife la papa na kurambaza nguru na jodari. Mimi, kwa kuwa ndiye mdogo, nilibaki nchi kavu: kupika, kupasua samaki, kuwatia chumvi, kuwaanika ng'onda na kuwalinda wasiliwe na kaa. Nilifungiwa tanga kuukuu juu ya miti minne liwe turubai, nikaketi chini yake tangu asubuhi mpaka chombo kirudi. Mbele yangu, hatua chache tu, ndipo walipoanzia membe.

Buabua walikuwa maelfu, hasa wale wenye mgongo mweusi, na kelele zao hazikukoma usiku wala mchana. Mgeni hushindwa kulala siku za kwanza. Lakini buabua ni ndege mdogo mwenye haraka, akikuona hupaa na wenzake wote. Membe ni mkubwa, mabawa yake yakitandazwa yanapita mita moja na nusu, na hamkimbii mtu. Mwili wake ni mweupe mno, ukingo wa bawa na mkia ni mweusi, na usoni, kuzunguka mdomo na macho, ana ngozi tupu nyeusi yenye kuingia buluu. Jicho lake ni la manjano, na hukutazama nalo bila kupepesa mpaka wewe ndiye unayegeuka. Nimewahi kupita hatua mbili kutoka kwa membe aliyeatamia naye asiinuke, akaishia kunielekezea mdomo tu.

Uchumba wao niliuona mara nyingi, na kila mara niliacha kisu nikatazama.

Dume huanza kwa kushika kiwanja. Kiwanja chenyewe ni cha hatua chache na hakina alama ambayo binadamu anaweza kuiona, lakini dume jirani akikanyaga ndani yake hupigwa mdomo papo hapo. Akishakimiliki husimama katikati akingoja. Jike anapopita juu au kutua karibu, dume hunyoosha shingo yote, huelekeza mdomo mbinguni wima kabisa, na kutoa mluzi mwembamba. Ni sauti ndogo mno kwa ndege wa ukubwa ule. Jike hapigi mluzi. Yeye hutoa mlio mzito wa kukoroma kutoka kooni, na kwa hilo niliweza kuwatofautisha hata gizani. Mchana kuna dalili nyingine: jike amemzidi dume kwa umbo, na mdomo wa dume una manjano iliyokoza zaidi.

Jike akitua hawakaribiani mara moja. Husimama wakitazamana kwa ubavu. Kisha huanza kugonganisha midomo, kwa nguvu, mpaka mlio wa mfupa kwa mfupa unasikika penye turubai. Baada ya hapo hutembea pamoja kiwanjani kwa mwendo ambao hawautumii wakati mwingine wowote: mguu unainuliwa juu sana, unawekwa chini taratibu, kidevu kimeshikamana na kifua. Na halafu huja zawadi. Dume huondoka, huinama, huokota kijiwe, unyoya, au kipande cha tumbawe, hurudi nacho na kukiweka mbele ya miguu ya jike. Jike huinama naye, hukigusa, hukiinua, hukiweka tena mahali pale pale. Dume huenda kuleta kingine. Nimemwona mmoja akienda mbali na kupita majirani wenye hasira ili kuleta kijiwe ambacho kingeingia chini ya ukucha wangu, na jike akakipokea kwa utulivu ule ule.

Vijiwe hivyo havijengi kitu. Kiota cha membe ni kishimo kifupi tu ardhini, ambacho miguu yao huking'arisha kwa kukikanyaga. Lakini nilivyoendelea kuwatazama niliona kwamba jozi zilizoleteana vijiwe kwa siku nyingi ndizo zilizopokezana zamu vizuri mayai yalipokuja, mmoja akirudi kutoka baharini na mwenzake akiinuka bila purukushani. Sisemi kwamba kijiwe ndicho kilichowafunza. Nasema tu kwamba wale wawili walikuwa wameshazoeana kupokeana kitu pale chini kabla ya kuwa na kitu cha thamani cha kupokeana.

Yai jipya la membe ni jeupe kwa tabaka la chokaa. Ukilikwangua kwa ukucha, chini yake unaona buluu hafifu. Jike akitaga la kwanza huanza kuliatamia siku ile ile, na la pili hulitaga baada ya siku tano hivi. Kufikia hapo lile la kwanza limeshageuzwageuzwa chini ya miguu, chokaa imechakaa, limepata madoa ya udongo na ya kinyesi. Kwa hiyo katika kiota chenye mayai mawili utakuta moja chafu na moja safi. Msomaji alikumbuke hilo, maana mambo yote yaliyofuata yamelalia hapo.

Nasema chini ya miguu kwa sababu membe haatamii kwa kifua. Kuku ana sehemu ya kifuani isiyo na manyoya ambayo huigusisha na mayai, membe hana. Yeye huyafunika mayai kwa ngozi pana iliyounganisha vidole vyake, mguu huu juu ya yai hili na mguu ule juu ya lile, kisha huketi. Joto la damu ya miguu ndilo linaloangua. Kazi hiyo huchukua siku kama 44, dume na jike wakipokezana. Na yai linapoanza kupasuka, mzazi hubadilisha mkao: hulihamishia juu ya miguu yake, ili uzito wa mwili usimvunje aliyemo ndani. Niliiona hali hiyo kwa karibu, nikiwa nimelala kifudifudi. Aliinuka kidogo, akaingiza mdomo chini, akalisukuma yai polepole likapanda juu ya utando wa mguu, akashuka tena.

Jua la pale halina huruma. Mchana mchanga hukanyagiki, na yai likiachwa wazi kwa muda mfupi tu huiva. Membe hupambana na jua kwa mwili wake: hulipa mgongo, ili kivuli chake mwenyewe kiiangukie miguu na mayai. Jua likisogea naye husogea, taratibu, pale pale alipoketi, mdomo wazi na ngozi ya koo ikitetemeka kupoza damu. Nikawa nawatazama wote wamegeukia upande mmoja, na nilipowaona wanaanza kubadili upande nilijua adhuhuri imefika, nikaweka kisu chini nikatafuta maji ya kutawadha.

Sasa nirudi kwenye hesabu. Mabaharia waliposhuka kuchukua mayai walichagua lile safi. Sababu ilikuwa ya jikoni: chafu ni la zamani, huenda lina damu au kinda ndani, na safi ndilo la kuliwa. Mwenye shaka alilitia katika ndoo ya maji ya bahari. Likizama ni zima, likielea hutupwa. Hivyo kila kiota kilichopitiwa kilibaki na yai chafu, na watu waliondoka wakiamini kwamba mzazi hakupungukiwa na kitu.

Viota viwili vilivyokuwa karibu zaidi na turubai nilimwomba mjomba visiguswe, akakubali. Kimoja kilikuwa kando ya ubao mrefu wa jahazi uliotupwa na bahari, kingine kando ya boya la kioo. Vyote viwili vilikuwa na mayai mawili. Tukaenda nyumbani, tukarudi, tukaenda tena, maana dago la Fungu Mbaraka humalizika maji yanapokwisha pipani hata kama samaki bado wapo.

Tuliporudi katikati ya demani, kwenye kiota cha ubao kinda wa kwanza alikuwa ameshatoka. Alikuwa ameanza kuinua kichwa, na manyoya mafupi meupe yalikuwa yakichomoza. Wa pili alitoka mimi nikiwapo. Alikuwa na ngozi tupu, iliyokunjamana, yenye kuonyesha mishipa, na shingo yake haikuweza kubeba kichwa. Nilifurahi kuliko nilivyomwambia mtu yeyote.

Hakumaliza siku ya pili. Yule mkubwa alimsogelea wakiwa chini ya mzazi, akamsukuma kwa kifua na kichwa, akamuuma shingoni akamvuta, akamsukuma tena. Hakuna aliyekuwa na nguvu kati yao. Lilikuwa jambo la polepole sana, wakipumzika wote wawili, kisha mkubwa akianza upya. Mama alikuwa amesimama juu yao. Aliwatazama. Hakumzuia mkubwa na hakumfunika mdogo. Mdogo alipofika nje ya kile kishimo, ambako udongo umechorwa miale myeupe ya kinyesi, mama aliketi juu ya yule aliyebaki, mdogo akiwa shubiri moja tu kutoka kifuani pake.

Nilikwenda nikamwokota, nikamrudisha ndani, na mama akanichana mkono kwa mdomo wake. Kovu liko mpaka leo, juu ya kidole gumba. Alasiri mdogo alikuwa nje tena. Magharibi kaa walimchukua.

Mjomba aliporudi kutoka kwenye jarife nilimweleza. Alinisikiliza, akaangalia mkono wangu, akaniambia nitie chumvi. Kisha akasema, "Ndivyo walivyoumbwa, mpwa wangu. Ndiyo hiyo hesabu ya wazee. Wa pili si wake."

Kwa kiota kile alikuwa sawa, na lau ningeona hicho tu nami ningeirithi hesabu ile bila kinyongo. Lakini kulikuwa na kiota cha boya.

Pale mayai yote mawili yalikuwa bado, na moja lilianza kudonolewa kutoka ndani. Nilitazama mara mbili kuhakikisha. Lilikuwa lile jeupe. Lile chafu, lililotagwa mwanzo na lililostahili kuwa limeshaanguliwa siku kadhaa zilizopita, lilikaa kimya, zima, halina ufa. Kinda wa yai jeupe alitoka, akakauka, akalishwa. Mzazi alikuwa akifungua mdomo na kinda kuingiza kichwa kizima kooni kuchukua panzi wa bahari au ngisi aliyesagika, na pembeni lile yai chafu likibingirika kila mzazi anapojigeuza. Hapakuwa na wa kumsukuma mtoto huyu nje. Alikuwa wa pili kwa kutagwa na wa kwanza kwa kuzaliwa.

Nilimwita mjomba akaja. Mzazi alipojigeuza, alilivuta yai chafu kwa kijiti, akalitikisa karibu na sikio. Lilikuwa likichezacheza maji ndani. Akaenda nalo upande wa chini ya upepo akalipasua juu ya jiwe, na hata huko harufu ilitufikia. Lilikuwa viza. Halikuwa na kinda, halijawahi kuwa na kinda.

Akachuchumaa pale akifuta kijiti mchangani. "Tungepita hapa dago la kwanza," akaniuliza, "tungechukua lipi?"

"Jeupe, mjomba."

"Tukamwachia viza."

"Ndiyo."

Jioni, chakula kilipokwisha, aliwaeleza mabaharia. Hakuhubiri. Aliwaambia kwamba chombo hubeba nanga mbili, na safari nyingi hiyo ya pili hukaa chini ya mataruma haijaguswa, mpaka inaota kutu. Na mtu anayekuja kukuibia akasema ameona huitumii, amekuacha na amari moja baharini. "Yai la pili la membe ni nanga hiyo," alisema. Tangu usiku ule chombo chetu hakikuchukua yai la membe, chafu wala safi.

Nyumbani habari ilifika kabla ya samaki. Barazani, mbele ya msikiti, manahodha wengine walimkabili, na si wote waliokuwa wakitania. Mzee mmoja aliyekuwa amekwenda Fungu Mbaraka miaka mingi kuliko mjomba aliuliza swali ambalo niliona lina uzito: "Na kama viza ni kimoja katika viota mia? Utawanyima watu chakula kwa ajili ya kimoja?" Mjomba alijibu kwamba kimeonekana katika viota viwili vya kwanza kutazamwa kwa makini, na kwamba asiyeangalia hawezi kusema ni kimoja katika mia. Mzee hakuridhika, na kwa haki hakuwa na sababu ya kuridhika. Lakini kuanzia demani iliyofuata tulikuwa tukipita kandokando ya viota, jioni jua likiwa limepoa, na si mara moja tuliona kinda ameketi pamoja na yai zima ambalo halikuanguliwa. Wengine wawili kati ya manahodha wakaacha. Waliobaki waliendelea.

Jibu kamili la swali la yule mzee nilikuja kulipata nikiwa na mvi, kutoka kwa mtafiti wa ndege aliyekuja Kizimkazi kuuliza habari za visiwa. Nilimsimulia viota vyangu viwili, naye akanieleza kwamba upande mwingine wa dunia, kisiwa cha Española katika Galapagos, mtaalamu wa Marekani anayeitwa David Anderson alianza miaka ya 1980 kuwachunguza ndege ambao wakati huo walihesabiwa kuwa ni membe hawa hawa. Baadaye wakatengwa na kuitwa membe wa Nazca. Huko nako kinda mkubwa humtoa mdogo. Anderson alijiuliza kwa nini basi jike anajisumbua kutaga mawili, na alipofuatilia jozi zenye yai moja na zenye mawili alikuta kwamba mayai yasiyoanguliwa ni mengi, na kwamba wenye mawili huishia kupata makinda wengi zaidi ya wenye moja, ingawa hakuna anayelea wawili. Nilimwuliza kama ni kimoja katika mia. Akatikisa kichwa, akasema ni zaidi ya hapo kwa mbali sana. Nilitamani yule mzee wa barazani angekuwa hai asikie, maana aliuliza vizuri.

Kuna mambo mengine ambayo hesabu ya wazee haikuyatia. Membe akianguliwa hukaa karibu na kiota miezi minne kabla hajaruka. Yule wa kiota cha boya tulimwona dago kwa dago: kwanza akavaa manyoya meupe mazito yaliyomfanya aonekane mnene kuliko mama yake, halafu mbawa za kahawia zikachomoza kati ya manyoya hayo, halafu akawa anasimama juu ya ule ubao wa jahazi akiukabili upepo na kuzipiga mbawa bila kuondoka. Hata akisharuka, wazazi huendelea kumlisha wiki kadhaa. Kisha hungoja miaka kama mitatu au minne kabla naye hajashika kiwanja. Ndege wa namna hii huishi sana, zaidi ya miaka 20, lakini kila mwaka jozi haipati zaidi ya kinda mmoja, na mwaka mwingine haipati. Ukiliondoa yai lililofaa ukaliacha viza, umewanyang'anya mwaka mzima.

Na katika Tanzania hakuna mahali pengine ambapo membe hawa wanajulikana kutaga. Ni pale tu, juu ya mwamba ambao mtu mzima huuzunguka kwa miguu kabla chai haijapoa.

Nilitofautiana na mjomba kwa jambo moja, na nilimwambia akiwa hai. Alipoacha mayai ya membe aliwaruhusu mabaharia waendelee na ya buabua, kwa kuwa ni wengi. Lakini buabua mwenye mgongo mweusi hutaga yai moja tu. Hana la akiba. Uwingi wao hauna maana kwa yule ambaye yai lake ndilo lililoingia ndooni. Mjomba alisema watu ni lazima wale, nami sikuwa na la kumjibu mtu aliyelisha nyumba saba kwa chombo kimoja. Bado naamini nilikuwa na haki.

Kingine ni kule kushuka kwenyewe. Hata asiyegusa yai huua, akishuka saa mbaya. Mchana wa jua kali, mtu akitembea katikati ya viota, membe hatimaye huinuka, na buabua hupaa wote kwa pamoja. Akisimama kupiga picha au kupumzika, mayai yanaiva chini ya miguu yake. Kwa miaka ile mimi nilikuwa nikizunguka kwa njia moja tu, ya ukingoni, asubuhi mapema na jioni, na mchana sikuvuka turubai. Hakuna aliyeniagiza. Ukikaa siku nyingi ukiona ndege anajizungusha na jua ili kivuli chake kisikosee, unaona aibu kumwinua.

Chombo cha leo kina mashine na sanduku la barafu. Chumvi haihitajiki, dago halihitajiki, na kwa hilo nashukuru. Mjukuu wa mjomba ndiye nahodha sasa. Hutia nanga mbali kidogo na ukingo, hulala chomboni na mabaharia wake, na hakuna kati yao anayekula yai la Fungu Mbaraka. Lakini wakati wa demani huchukua pia wageni wanaovua kwa starehe, na baadhi yao humwongezea fedha ili wakanyage kisiwa na kuwaona membe kwa karibu. Nimemwambia awaonyeshe kutoka chomboni, kwa darubini, asubuhi wakati jozi zinapobadilishana zamu; wataona zaidi ya yule anayesimama kati ya viota na kuwainua. Yeye anasema mgeni aliyelipa anataka kushuka. Juzi tumelizungumza tena, na hatujakubaliana.